Kifungo kikipunguzwa katika rufaa, nani amesikizwa?

Aprili 2024 Mahakama ya Upeo ya Kenya ilimrudishia kifungo cha miaka 20 mwanamume aliyepatikana na hatia ya unajisi, yaani kufanya ngono na mtoto. Mahakama ya Rufaa ilikuwa imempunguzia hadi miaka 15, kwa hoja kwamba adhabu inayomfunga jaji mikono haipatani na Katiba. Majaji wa Upeo walikataa. Kiwango cha chini kilichomo katika Sheria ya Makosa ya Ngono ya 2006, walisema, kitaendelea kutumika hadi Bunge likibadilishe au kipingwe mahakamani kwa kesi iliyoletwa kwa ajili hiyo.

Vuta nikuvute hii ilianza Desemba 2017, mahakama hiyohiyo ilipoamua katika kesi ya Muruatetu kwamba si halali kumlazimisha jaji kutoa hukumu ya kifo kwa kila mwenye hatia ya mauaji. Mahakama za chini ziliupanua uamuzi huo zikautumia kwenye unajisi na wizi wa kimabavu, na wafungwa wengi wakapunguziwa vifungo. Julai 2021 Mahakama ya Upeo ikafafanua kwamba ilikuwa imezungumzia mauaji tu. Matokeo yake ni kwamba watu wawili wenye kosa moja wangeweza kupata adhabu tofauti kabisa kwa sababu tu ombi la mmoja lilisikizwa kabla ya ufafanuzi na la mwenzake baadaye. Hilo siwezi kuliita haki, hata kama kila jaji alikuwa na nia njema.

Kanuni ya lini jaji wa rufaa anaweza kubadili kifungo si ngeni. Mwaka 1954 Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki ilishasema kwamba jaji wa rufaa haigusi adhabu eti kwa kuwa yeye angetoa nyingine. Anaigusa pale aliyehukumu alipokosea kanuni, alipopuuza jambo la msingi, au adhabu ilipokuwa kali kupita kiasi. Mfano mwepesi ni wa aliyekaa rumande miaka minne akisubiri kesi iishe. Kifungu cha 333(2) cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai kinataka muda huo uzingatiwe. Hakimu akiusahau na Mahakama Kuu ikaukumbuka, hiyo si huruma. Ni hesabu iliyokuwa imekosewa.

Panaponisumbua ni kwingine. Mara nyingi mrufani husimama bila wakili. Anasema ameacha kupinga hatia, anaomba kifungo tu kitazamwe. Mkononi ana cheti cha useremala alichopata gerezani na barua ya kasisi. Kiongozi wa mashtaka anapinga kwa sentensi mbili, na jaji anakwenda kuandika uamuzi. Mtoto aliyenajisiwa yuko ndani ya faili kwa njia mbili tu: fomu ya P3, ile ya polisi inayojazwa na daktari, na ushahidi alioutoa miaka kadhaa nyuma. Huenda mama yake hata hajui kwamba rufaa inasikizwa. Sheria ya Kuwalinda Waathiriwa ya 2014 inampa mwathiriwa haki ya kusikizwa, lakini haki hiyo haina maana kama hakuna aliyempigia simu. Sipingi cheti cha useremala, kwa sababu mtu hubadilika, na gereza lisilotambua hilo halina kazi. Ninachopinga ni mizani yenye upande mmoja.

Hata hivyo, wanaotetea uhuru wa majaji wana hoja nzito, nami nakubaliana nao katika jambo moja. Kifungu cha 8(4) cha Sheria ya Makosa ya Ngono kinaweka miaka isiyopungua 15 kwa anayemnajisi mtoto wa kati ya miaka 16 na 18. Kijana wa miaka 19 aliyekuwa na uhusiano na msichana wa miaka 17 anaingia humo, pamoja na mwalimu wa miaka 45 aliyemtega mwanafunzi wake. Hakimu anaona wazi kwamba mambo haya hayalingani, ila hawezi kushuka chini ya 15. Katika hali hiyo namwelewa jaji wa rufaa anayetafuta upenyo.

Lakini upenyo wa jaji mmoja humwokoa kijana mmoja na kumwacha mwingine aliyepangiwa jaji tofauti. Kazi hii ni ya Bunge: liandike kifungu kinachotenganisha vijana waliokaribiana umri na mtu mzima anayemwinda mtoto, bila kulegeza adhabu ya huyo wa pili. Lieleze pia kifungo cha maisha ni nini. Katika Muruatetu, Mahakama ya Upeo ilipendekeza Bunge na Mwanasheria Mkuu walitafutie jambo hilo sheria. Mwaka 2023 Mahakama ya Rufaa ilijaribu kulijibu yenyewe, ikaweka miaka 40 mahali pa maisha katika kesi ya aliyemnajisi mtoto mdogo sana, na Aprili 2025 Mahakama ya Upeo ikautengua uamuzi huo. Mfungwa alirudi kwenye kifungo kisicho na idadi ya miaka, na familia ya mtoto ikawa imesikia adhabu ile ile ikitolewa, ikiondolewa na kurudishwa.