Ubongo sio simu ya laini mbili

Nimesoma makala moja kuhusu kufanya mambo mengi kwa wakati mmoja, mwandishi wake anasema eti vijana wa siku hizi ubongo wao umeshazoea kasi, wanafanya mambo matatu kwa mpigo. Hapo nakataa kabisa. Mambo mawili ya kufikiria ubongo hauyafanyi pamoja, unaruka tu toka hili kwenda lile na kila ukiruka unapoteza muda kidogo na makosa yanaongezeka. Mimi nina kibanda cha mobail mani, yaani kutuma na kutoa pesa kwa simu, hapa Kampala karibu na stendi ya Old Taxi Park, yaani kondakta anaita abiria, boda anapiga honi, WhatsApp inalia, mteja ananitajia namba yote tarakimu 10 bila hata kupumua, nikifika ya saba nimeshasahau ya kwanza, na juzi ndo hivyo hivyo nikatuma laki mbili kwa mtu nisiyemjua, banange, mpaka leo simu yake haipatikani. Halafu naambiwa nimezeeka, nina miaka 31 jamani! Yule mwanasaikolojia wa Marekani George Miller aliandika tangu 1956 kwamba kumbukumbu ya muda mfupi inabeba vitu kama 7 hivi, waliokuja baadae wakashusha mpaka kama 4, sasa tarakimu 10 na honi juu yake si kuonewa huko? Siku hizi wateja nawaambia nitajie tatu tatu, na simu yangu binafsi iko sailensa kwenye droo mpaka saa saba. Wengine wananuna, wanune tu.