Juliet wa Miaka 14: Njia ya Lupita na Binti wa Nyalenda

Jina la mwigizaji Lupita Nyong'o likitajwa hapa Kisumu, watu hugawanyika. Kuna wanaomwita nyarwa, binti yetu, na kuwaambia wasichana wamtazame kama kioo. Kuna na wanaokasirika: msiwadanganye watoto, njia ile haikuanzia Kondele, mtaa wa watu wa kawaida hapa mjini.

Hawa wa pili nawasikiliza kwa makini. Lupita alizaliwa Mexico City mwaka 1983, baba yake, Profesa Peter Anyang' Nyong'o, akifundisha huko. Akalelewa Kenya, akasomea Marekani, na mwaka 2012 akahitimu katika shule ya maigizo ya Chuo Kikuu cha Yale. Baba huyo ndiye gavana wetu wa Kaunti ya Kisumu tangu 2017. Sasa chukua binti wa mchuuzi wa omena pale mtaani Nyalenda, ambaye karo ya sekondari tu ilikuwa vita, umwambie "jitahidi kama Lupita". Umemtwika mzigo usio wake.

Hata hivyo, wasifu huohuo una jambo ambalo pande zote mbili hulipita mbio. Akiwa na miaka 14 tu, Lupita alicheza Juliet, wa tamthilia ya Shakespeare ya Romeo and Juliet, na kundi la maigizo la Phoenix Players jijini Nairobi. Ndiyo, alitoka katika nyumba yenye uwezo. Lakini uwezo wa nyumbani usingemfaa kitu kama hapangekuwa na jukwaa karibu, lenye waigizaji wazima wa kumfunza na watazamaji waliokuja kwa hiari yao.

Na uigizaji wa jukwaani hakuuacha, hata alipoingia kwenye runinga na filamu. Runinga ilimtambulisha kwa vijana mwaka 2009, kupitia Shuga, mfululizo wa MTV kuhusu mapenzi na virusi vya Ukimwi. Mwaka huohuo, Yale, alikuwa mwigizaji wa akiba katika Eclipsed, tamthilia ya Danai Gurira. Kazi hiyo ni ya kukariri kila neno huku mwingine ndiye anayepanda jukwaani. Oscar, tuzo kuu ya filamu, ikaja 2014. Angeweza kubaki kwenye filamu, mahali penye pesa na umaarufu. Yeye akairudia tamthilia ileile, New York mwaka 2015 na Broadway, kwenye kumbi kubwa za jiji hilohilo, mwaka 2016, safari hii yeye mwenyewe akiwa mbele ya taa, na akateuliwa kuwania Tony, tuzo ya tamthilia za Broadway. Mimi kipande hiki kinanigusa kuliko usiku wa Oscar.

Huku kwetu, kipaji si tatizo. Tamasha za drama za shule huwapandisha watoto jukwaani mapema, na mwalimu wa drama wa magharibi ya Kenya anajua kumfinyanga mtoto. Shida huja baada ya kidato cha nne. Wachache hujiunga na makundi yanayozunguka shuleni yakiigiza vitabu teule vya mtihani. Wengine hupanda basi, takriban kilomita 350, kwenda kutafuta nafasi kwenye runinga Nairobi.

Wanaowashauri waende hawakosei kuhusu riziki: vipindi na matangazo ya biashara hutengenezwa huko, na mama mwenye kodi ya kulipa siwezi kumlaumu. Ninachohofia ni binti kufika mbele ya kamera bila kuwahi kusimama mbele ya mtu mzima aliyelipa kumtazama, kisha ashindanishwe na wenzake waliokwisha kupitia hayo.

Mwaka 2025 Lupita na mdogo wake Junior waliigiza Twelfth Night ya Shakespeare katika Central Park, New York, wakicheza mapacha wanaozungumza Kiswahili wenyewe kwa wenyewe. Kiswahili chetu kimelifikia jukwaa lile. Gavana, mzazi aliyeona jukwaa likimjenga mwanawe, naomba atenge Jumamosi moja kila mwezi katika ukumbi wa Mama Grace Onyango hapa Kisumu kwa tamthilia za vijana waliomaliza shule. Kaunti igharamie ukumbi na taa. Pesa za mlangoni wagawane waigizaji.