Siku 30 za kasia katika mto Klamath

Julai 2025, vijana wa jamii za asili za bonde la Klamath, wenye umri wa miaka 13 hadi 20, walifika baharini California baada ya kupiga kasia kwa kayaki, yaani mitumbwi midogo myembamba, siku 30, karibu kilomita 500, tangu vyanzo vya mto kule Oregon. Wapo wanaosema huo ni mchezo wa kayaki uliovishwa vazi la utamaduni.

Hoja yao ina uzito. Mtumbwi wa Wayurok, mojawapo ya jamii hizo, huchongwa kwenye gogo la mti mwekundu (redwood), na mchongaji huacha ndani yake moyo, mapafu na figo, maana chombo hicho kwao ni kiumbe hai. Kayaki ya plastiki haina moyo.

Lakini nani angewafundisha vijana hao njia ya mto huo? Ukuta wa kwanza wa bwawa la umeme mtoni humo, Copco 1, ulianza kazi mwaka 1918. Kwa zaidi ya miaka 100 samoni, samaki wanaopanda mto kutoka baharini kwenda kuzaa, hawakuvuka kwenda juu, na hakuna mzee aliye hai aliyeuona mto ule ukiwa wazi kabla ya ukuta huo. Wenyeji husemwa wameacha asili yao, na tunajua mwacha asili ni mtumwa. Hawa hawakuiacha, walizibiwa. Mwaka 2002 makumi ya maelfu ya samoni walikufa upande wa chini, maji yakiwa machache na ya moto. Nalitaja tukio hilo kwa sababu moja: hata mkubwa wa wapiga kasia hao alizaliwa baadaye. Walichorithi ni simulizi ya samaki waliooza. Hata hivyo walianza mafunzo mwaka 2022, kuta nne za umeme, Copco 1 ukiwemo, zikiwa bado zimesimama. Zilipokwisha kubomolewa Oktoba 2024, samoni walionekana Oregon mwezi uleule.

Wakazi wa kando ya ziwa la bwawa la Copco nao wamepoteza. Mwaka 2010 karibu asilimia 79 ya wapiga kura wa Siskiyou, wilaya yao huko California, walikataa ubomoaji, na leo nyumba iliyojengwa ukingoni mwa ziwa inatazama nyasi. Hasara hiyo ni ya kweli, na anayeibeza anakosea. Ila mabwawa hayo yalitoa chini ya asilimia 2 ya umeme wa kampuni iliyoyamiliki. Kwa kiasi hicho, watu wa juu ya mto walikaa karne nzima bila samaki wao.

Kuta nyingine mbili za mto huo, Keno na Link River, bado zipo. Zitakapojadiliwa, natamani mezani wawepo hawa walioujua mto kwa mabega yao.