Filamu za majaribio si za wasomi tu
Ndugu mwandishi, umesema filamu za majaribio za hali halisi, yaani zile za maisha ya kweli zinazotengenezwa kwa mtindo usio wa kawaida, ni za watu wa matamasha ya filamu, mtu wa kawaida haambulii kitu. Hapo sikubaliani nawe kabisa. Chukua ile ya Agnès Varda, mwongozaji wa filamu wa Ufaransa, ya mwaka 2000, kuhusu watu wa Ufaransa wanaookota masazo, kama mazao yanayobaki shambani baada ya mavuno. Varda mwenyewe, mama mtu mzima, kashika kamera ndogo ya dijitali, mkono mmoja unarekodi, mwingine unaokota viazi vilivyotupwa kwa sababu ya ukubwa au umbo. Vile vyenye umbo la moyo akaenda navyo nyumbani. Kisha akaurekodi mkono wake mwenyewe, ngozi imejikunja kwa uzee. Filamu hiyo niliitazama na mama yangu, namtafsiria. Utotoni aliokota mahindi kwenye mashamba ya watu. Akaniambia, "Rudisha pale kwenye viazi."