Nani Mwenye Uayalandi?

Usiku wa Aprili 30, 1994, jijini Dublin, kura za mashindano ya nyimbo ya Eurovision zikiwa bado zinasubiriwa, wachezaji waliingia jukwaani kujaza mapumziko. Walicheza kama dakika saba tu. Safu nzima ya miguu ilipiga sakafu kwa mkupuo mmoja, viatu vikilia mithili ya ngoma, na ukumbi ukasimama kushangilia. Onyesho hilo, Riverdance, lilirefushwa mwaka uliofuata likawa la jukwaa kamili, na limezunguka dunia tangu wakati huo.

Sasa tazama waliokuwa mbele ya safu ile. Michael Flatley alizaliwa Chicago. Jean Butler alizaliwa New York. Ngoma iliyoirudishia Ayalandi fahari mbele ya mataifa iliongozwa na watoto wa wahamiaji, wazaliwa wa Marekani. Kutoka hapo linazuka swali ambalo Waayalandi wamelijadili kwa miaka mingi, tena kwa uchungu: huu Uayalandi unaojaa kwenye muziki, filamu na baa za dunia nzima ni wao kweli, au ni bidhaa waliyoshonewa wageni?

Wanaosema ni bidhaa wana historia ya kuwatetea. Katika karne ya 19, magazeti ya vikatuni ya London yalimchora Muayalandi akiwa na uso wa nyani, mlevi na mpenda ugomvi. Kwenye majukwaa ya maigizo naye alikuwepo, mtu wa kuchekwa. Mwenye kumbukumbu hiyo akiona kofia za kijani na vijana waliolewa kila Machi 17, Siku ya Mtakatifu Patrick, msimamizi wa Ayalandi, anamwona yule yule wa vikatuni amerudi, ila safari hii anauzwa kwa bei nzuri. Na tukumbuke kwamba katika Ayalandi yenyewe siku hiyo ilikuwa ya kwenda kanisani. Kwa zaidi ya miaka 30 katika karne iliyopita, sheria ilifunga baa siku hiyo.

Halafu kuna baa zenyewe. Tangu miaka ya 1990, kampuni za Dublin zimekuwa zikibuni baa za Kiayalandi kwa ajili ya nchi nyingine: kaunta ya mbao, mabango ya zamani, baiskeli ya kutundika ukutani, vyote vinapakiwa kwenye makontena na kusafirishwa. Mnunuzi huko aliko anafungua milango na kuambiwa hiyo ndiyo Ayalandi.

Lakini kitu ambacho makontena hayo hayabebi ni lugha, na hapa mimi naona wakosoaji wamegusa donda lenyewe. Kiayalandi ni lugha kamili, yenye fasihi ya tangu enzi za kale, wala si Kiingereza chenye lafudhi. Sensa ya mwaka 2022 katika Jamhuri ya Ayalandi iliwahesabu watu 1,873,997 waliosema wanaweza kukizungumza. Waliosema wanakitumia kila siku nje ya shule walikuwa 71,968. Pengo kati ya namba hizo mbili lanihuzunisha, kwa sababu linaonyesha watu wanaoipenda lugha yao na kujivunia kuijua, ila hawana pa kuizungumzia.

Hata hivyo, ukiuliza lugha ilipotelea wapi, hoja ya upande wa pili inaanza kujijenga yenyewe. Njaa Kuu ya 1845 hadi 1852 iliua watu wapatao milioni moja, na wengine kama milioni moja wakakimbia nchi. Pigo kubwa lilianguka magharibi, kwa maskini, kule ambako Kiayalandi kilikuwa lugha ya nyumbani. Waliopanda meli waliondoka na nyimbo, dini na hatua za ngoma. Lugha wengi waliiacha kwa sababu isingewapa kazi Boston wala Liverpool. Kuwaambia wajukuu wa watu hao kwamba wao ni wageni wanaoigiza Uayalandi ni kuwafukuza mara ya pili.

Tena huo mpaka wa ndani na nje haupo mahali watu wanapodhani. Maandamano ya Mtakatifu Patrick yalifanyika New York mwaka 1762. Mkusanyiko wa dansi uitwao céilí, ambao leo huonekana kuwa urithi wa vijijini tangu zama za mababu, ulifanyika kwa mara ya kwanza kwa jina hilo jijini London mwaka 1897, ukiandaliwa na wapenzi wa lugha. Shane MacGowan wa The Pogues, bendi iliyoanzia London mwaka 1982, alizaliwa Kent, Uingereza. Kwenye ibada ya kumuaga Desemba 2023 huko Nenagh, kaunti ya Tipperary nchini Ayalandi, watu walicheza kanisani. Phil Lynott, mwimbaji wa bendi ya roki ya Thin Lizzy, alizaliwa Uingereza na baba kutoka Guyana, akalelewa Crumlin, Dublin. Sanamu yake nyeusi imesimama katikati ya jiji hilo tangu 2005. Nani ataisogelea akaiambie kwamba si ya Kiayalandi?

Sisi wa Afrika Mashariki tuna kipande chetu pia, ambacho hakina baa wala kofia ya kijani. Muayalandi wa kwanza ambaye Wakenya wengi walimjua alikuwa mtawa wa Loreto mbele ya ubao wa darasa, au Bruda Colm O'Connell, aliyefika shule ya St Patrick's, Iten, mwaka 1976 na kuwanoa wanariadha, akiwemo David Rudisha.

Ndiyo maana swali la nani kazaliwa wapi silioni kama linatufikisha popote. MacGowan aliimba maisha ya vibarua na wahamiaji wa London, watu aliowajua kwa majina na kwa kiu yao, na ndiyo sababu nyumbani walimpokea. Baa ya kontena haimjui mtu yeyote. Nikisema hivyo siwasahau wapiga fidla na filimbi wanaopata riziki katika baa hizo kila wikendi na kuufanya muziki uishi. Hao wanafanya kazi ya kweli ndani ya ukumbi wa kuigiza.

Lililo jipya ni kwamba lugha iliyoachwa bandarini imeanza kurudi kwa njia ya muziki. Kneecap, vijana watatu wa Belfast na Derry, miji ya Ayalandi Kaskazini iliyo chini ya Uingereza, wanarap kwa Kiayalandi wakichanganya na Kiingereza. Wapo wazee walioitunza lugha hiyo kwa miaka ya dhiki ambao wanachukizwa kuisikia ikitamka dawa za kulevya na matusi, na uchungu wao si wa kubeza. Lakini lugha inayoruhusiwa kusema mambo ya heshima tu hubaki ya sherehe, na kijana wa mtaani hawezi kuishi ndani yake. Huko Ayalandi Kaskazini, Kiayalandi kilipewa hadhi rasmi kwa sheria ya mwaka 2022 tu, iliyopitishwa na Bunge la Uingereza. Miaka miwili baadaye, serikali ya Uingereza iliwanyima vijana hao ruzuku ya pauni 14,250; walikwenda mahakamani, wakashinda, wakalipwa. Fedha hizo waliwagawia vikundi viwili vya vijana wa Belfast nusu kwa nusu, kimoja cha mtaa wa Wakatoliki na kingine cha mtaa wa Waprotestanti, jamii mbili zilizohasimiana kwa muda mrefu.