Mary and Max si katuni ya kumtulizia mtoto

Kinachoniudhi kila Mary and Max inapotajwa ni hilo neno "katuni". Mtu anaona vikaragosi vya udongo, anamwekea mtoto wa miaka mitano, kisha anashangaa mtoto kulia. Filamu hii ya Adam Elliot ya mwaka 2009 ni ya watu wazima. Ina ulevi, ina vifo, ina Mary, binti wa miaka 8 wa Melbourne asiye na rafiki, anayechagua jina kwenye kitabu cha simu na kumwandikia Max, mwanamume wa miaka 44 wa New York mwenye usonji. Waliowahi kuwa na rafiki wa kalamu wanaijua subira ya kungoja barua.

Tena wapo wanaodai siku hizi kompyuta ingeimaliza upesi. Hapo nabisha kwa moyo wote.

Mpweke hukaa kitini bila kufanya chochote, na kwa udongo huo ndio mtihani, mgumu kuliko kukimbia. Kikaragosi husogezwa kidogo kwa mkono, hupigwa picha, husogezwa tena, na sekunde moja ya filamu ni fremu, yaani picha, 24. Hata ukipiga kila mkao mara mbili, bado ni mikao 12. Usipokigusa kikaragosi kwa sekunde mbili, kinaonekana kimekufa. Ukikigusa mno, ngozi inaonekana kama inachemka, kwa sababu alama za vidole hubadilika kila picha. Dawa yake ni ndogo sana: kope zishuke nusu, zifunge, zipande, kichwa kiiname kwa unene wa ukucha. Miguu ikazwe kwa skrubu kutoka chini ya meza, kamera isiguswe, na anayesogeza avae nguo nyeusi, maana shati jeupe hurudisha mwanga kwenye seti, yaani mandhari ya kupigia picha, na picha ikapepesa. Umeme ukipanda na kushuka, kazi ya siku nzima inarudiwa.

Sasa tazama machozi. Maji hayafai: yanatiririka kabla hujapiga picha, na yakibaki yanakaushwa na taa. Kwa hiyo walitumia jeli ya kulainisha, ile ya duka la dawa. Tone linakaa pale ulipoliweka. Unalisukuma kidogo kwa ncha ya sindano, unapiga picha, unalisukuma tena. Chozi moja la Mary ni mkono wa mtu uliorudi shavuni pake mara kadhaa, na ninaamini jicho linaliona hilo hata kama mtazamaji hajui.

Upigaji ulichukua wiki 57, vikaragosi 212, seti 133. Taipureta ya Max peke yake ilichukua wiki 9 kuiunda, na inafanya kazi.

Haya, msimulizi anaongea mno, na misiba imerundikwa. Nakubali.

Lakini rangi! Kwa Mary kila kitu ni kahawia, kwa Max ni kijivu na nyeusi. Kisha kutoka Australia kinakuja kishada chekundu cha nyuzi za sufu, Max anakiweka juu ya kofia yake ya Kiyahudi, na tangu hapo jicho lako linakitafuta kila anapotokea.