Rahman hakuanzia kwenye Oscar

ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, ikikaribia, baraza za Mji Mkongwe hufufua hoja ileile: ikiwa A. R. Rahman, mtunzi wa muziki wa filamu wa Chennai, India, alitwaa Oscar mbili mwaka 2009 kwa filamu moja tu, Slumdog Millionaire, kijana wa Unguja anayepiga kanuni, kile chombo cha nyuzi cha taarabu, akasikilizika anakwama wapi?

Wenye hoja hii hawaropoki. Masikio yetu yamelelewa na filamu za Kihindi toka enzi za jumba la sinema la Cine Afrique, na mahadhi yake yameingia hadi kwenye taarabu ya mwambao. Mwimbaji Juma Bhalo wa Mombasa alijijengea jina kwayo. Skuli nayo si tatizo. Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi kilianza 2002, Rahman kafungua chake 2008.

Ila hadithi wanaianzia mwisho. Rahman alifiwa na baba akiwa na miaka 9, na baba mwenyewe alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu. Vyombo alivyoviacha vikakodishwa nyumba ipate kula. Mtoto akapiga kinanda kwenye bendi za watu, akatunga vijimuziki vya matangazo ya biashara, na 1992 ndipo ikatoka Roja, filamu yake ya kwanza kuvuma. Toka hapo hadi Oscar ni miaka 17 ya kazi za kulipwa. Chennai wanatengeneza filamu mwaka mzima. Sisi tuna tamasha la siku chache.

Wapo wanaosema heri hivyo, muziki wa filamu ungetuulia taarabu. Nusu ya haki wanayo. Bashrafu, ule muziki mtupu wa kufungulia taarabu, hujipa muda wake, ilhali mwongozaji wa filamu anakupa sekunde 40, mlango ukifunguka kwenye picha unyamaze. Na kinanda cha kompyuta, kikiachwa kilivyotoka kiwandani, hakina zile sauti za katikati ya noti na noti anazozipata mpiga kanuni kwa kugeuza vijikono vidogo kwenye ncha ya nyuzi. Lakini Rahman kaingia kwenye filamu na kawali yake, zile nyimbo za Kisufi, wala haikufa.

Kwangu mimi, pengo liko kwenye ngazi ya chini, ile ya matangazo. Mwenye hoteli analipia droni ipige picha ufukwe wa Nungwi, kisha anaweka muziki wa kupakua mtandaoni. Amlipe mpiga udi. Bei itapanda kidogo, na mara ya kwanza huenda kazi isitoke safi.